Mtu wa Sinema na Miguu Iliyotaja Majina

Niliwahi kuamini, tena kwa moyo wangu wote, kwamba huko ng'ambo kulikuwa na mtu mmoja mweusi aliyevishwa viatu vya chuma na serikali, na kwamba kazi ya miguu yake ilikuwa kutaja majina ya watu wa Meru. Usicheke. Wakati huo nilikuwa mtu mzima mwenye ndevu, nina bucha yangu pale Majengo, na nilikuwa nimekwisha kuanza masomo ya jioni ambayo baadaye yalinipa cheti kikubwa kama mlango wa msikiti. Nilijua kusoma. Nilijua kujumlisha na kutoa bila kutumia vidole. Na bado niliamini habari ya miguu. Majengo nzima iliamini, na Majengo ya siku hizo ilikuwa na watu werevu hata mbuzi wetu wangeajiriwa ukarani mahali pengine.

Aliyetuletea miguu hiyo ni Mtu wa Sinema.

Jina alikuwa nalo, bila shaka, lakini hakuna aliyelihitaji. Ukisema "Mtu wa Sinema" hata mtoto alijua ni nani: yule mrefu, bega moja limeshuka kwa kubeba masanduku ya mashine, anayekaa chumba cha mwisho karibu na kisima, anayesafiri na gari la serikali la rangi ya majivu lenye spika mbili juu kama masikio ya punda. Ilikuwa miaka ya Hali ya Hatari, imajensi kama tulivyoiita. Vijijini watu walikuwa wamekusanywa nyuma ya mahandaki yenye vijiti vilivyochongwa. Kulikuwa na saa ya kutoka na saa ya kurudi, na jirani alimsalimia jirani huku akiangalia pembeni. Katika miaka kama hiyo serikali ilipotutumia sinema ya bure, tulijiuliza swali moja tu: bure kwa nini?

Gari lilikuwa likifika sokoni jua likizama. Mtu wa Sinema alitundika shuka jeupe baina ya nguzo mbili, akawasha jenereta iliyonguruma kama simba mwenye kikohozi, na giza lilipoingia picha zilianza. Zilikuwa picha za mafunzo. Mtu anachimba matuta. Ng'ombe wanaogeshwa dawa ya kupe. Mama anachemsha maji, anafurahi kupita kiasi. Maneno yake yalikuwa ya Kiingereza, kwa hivyo Mtu wa Sinema alishika kipaza sauti akatufasiria, mara Kimeru, mara Kiswahili.

"Picha haina mdomo," alikuwa akisema. "Mdomo ni wangu."

Na mdomo huo, wallahi! Hakuwa anafasiri, alikuwa anapika. Ng'ombe akitoka kwenye josho, Mtu wa Sinema alisema kwa sauti ya ng'ombe, "Asante Bwana Mifugo, sasa naweza kulala." Kuku akipita tu nyuma ya mama wa maji, hana habari na picha, yeye alimpa maneno: "Mimi napita, lakini hata mimi nimechemshiwa." Watu walicheka mpaka mabibi wakaomba shuka lizimwe wapumue. Nina hakika siku moja alifasiri jiwe.

Ndiyo maana tulishtuka na picha ile ya mwisho.

Ilikuwa fupi, imechakaa, ina mikwaruzo kama mvua inanyesha ndani yake. Yeye alisema mkanda ule ulibaki kwenye kambi ya askari baada ya vita vya Mjerumani, na kwamba mabwana zake walimruhusu auonyeshe ili watu wasiondoke baada ya matuta. Ilipokuwa inaanza, alikizima kipaza sauti. Akakiweka chini juu ya sanduku. Mtu aliyefasiri kuku na jiwe akafunga mdomo wake kabisa.

Sasa nikuambie tulichoona. Tuliona wanaume weusi waliovaa makoti meupe, wamekaa kwa mistari, wa nyuma wamepanda juu kuliko wa mbele. Kila mmoja ana kimeza mbele yake, na juu ya kimeza kuna karatasi. Wengine wameshika tarumbeta, wengine wana kitu cha shaba kilichopinda kama kiko cha jitu, mmoja amekumbatia zeze kubwa kuliko mke wangu. Mbele yao amesimama mtu nadhifu mwenye kifimbo. Akipunga kifimbo, wanalia. Akikishusha, wananyamaza. Halafu kutoka pembeni anaingia mtu mmoja mwembamba, peke yake, anasimama mbele ya wale wote, na miguu yake inaanza kutetemeka.

Wewe wa leo utasema: aa, bendi ya jazi, na mcheza dansi wa viatu vya chuma. Lakini mtu wa miaka ile alijua mkusanyiko wa namna hiyo mahali pamoja tu: kuchujwa, yaani kuhojiwa mmoja mmoja ili apatikane anayewasaidia wapiganaji wa msituni. Huko pia kulikuwa na watu waliokaa kwa mistari nyuma ya vimeza, wenye karatasi, na afisa mwenye kifimbo. Wewe unasimamishwa mbele yao peke yako, na miguu, hata ukiiamuru itulie, inafanya kazi yake.

"Wanamchuja," kinyozi aliniambia sikioni. Huyu kinyozi alikuwa jirani yangu wa duka, na masikio yake yalikuwa makali kuliko wembe wake. "Huyo mwenye kifimbo ndiye D.O. wao."

"Mbona anayechujwa anacheka?"

"Amekubali kusema. Anayekubali kusema ataacha kucheka?"

"Mbona hasemi, basi?"

"Unataka aseme kwa mdomo usikie? Sikiliza miguu."

Nikasikiliza. Ta-ka-ta, taka-taka, ta! Ndugu yangu, ukisikiliza miguu ile ukiwa na hofu tumboni, utasikia chochote. Mimi mwenyewe nilisikia jina la mjomba wangu, na la baba yake, na nusu ya jina la ng'ombe wake. Mwanamke mmoja nyuma yetu alimsikia shemeji yake akitajwa mara mbili, akaanza kulia. Mwisho wake wale wenye makoti walisimama wote, mtu mwembamba akainama, na picha ikakatika. Mtu wa Sinema aligonga ubavu wa gari kwa vidole viwili, taratibu, kama mtu anayeitikia hodi.

Kuanzia hapo ikawa ni jambo la kujulikana. Miguu ya ng'ambo inataja majina, Mtu wa Sinema anayajua kwa sababu ndiye pekee anayeelewa Kiingereza cha miguu, naye anayapeleka ofisini. Ushahidi? Kila baada ya sinema, mtu alichukuliwa. Hiyo ilikuwa kweli tupu. Ila kila baada ya mvua pia mtu alichukuliwa, na kila baada ya Ijumaa, na kila baada ya mtu kukohoa. Hesabu ya upande huo hatukuipiga.

Na yeye, badala ya kujisafisha, alifanya kila kitu ambacho mtu mbaya hufanya. Kwanza, hakuwa anaangalia picha. Nilimchunguza. Alisimama kando ya mashine, shuka liko mbele yake, naye anatutazama sisi, uso kwa uso, mstari kwa mstari. Nilipomuuliza siku moja alipokuja kununua nyama, akasema, "Picha naijua. Nyinyi ndio hubadilika." Nusura nijikate kidole. Pili, hakubishania bei. Alisema "shingo, ratili moja," akalipa, akaenda. Hapa Majengo mtu asiyebishania bei ya nyama ana mshahara wa pili. Tatu, alinuka spiriti, na hakuna aliyewahi kumwona akinywa. Kuja kujua, spiriti ilikuwa ya kupangusia mkanda kwa pamba, lakini kinyozi alisema mlevi anayekunywa kwa siri ana siri nyingine zaidi ya hiyo.

Kubwa kuliko zote ilikuwa gunia.

Lazima nieleze. Siku hizo kulikuwa na mtu wa kuogopwa kuliko chui, naye aliitwa gakunia. Alivikwa gunia kichwani, likatobolewa matundu ya macho, akakalishwa mahali, nanyi mkapitishwa mbele yake mmoja mmoja. Akitikisa kichwa hivi, unakwenda nyumbani. Akikitikisa vile, unapanda lori. Alikuwa mtu wa kwenu, hukujua ni nani, na pengine jioni mlikula pamoja.

Basi siku moja kinyozi alipita kwenye dirisha la Mtu wa Sinema akaona gunia limeanikwa kwenye kamba. Lina matundu mawili. Alikuja dukani kwangu mbio, povu la sabuni bado mkononi, mteja amemwacha nusu ya kidevu. Tukaenda wote wawili, tukajifanya tunatafuta kuku aliyepotea. Kweli, gunia. Kweli, matundu. Lakini tundu moja lilikuwa katikati, kubwa kama mdomo wa kikombe, na lingine lilikuwa mbali upande wa kushoto, dogo.

"Haiwezekani," nikasema. "Macho ya mtu gani yakae jicho moja puani na lingine nyuma ya sikio?"

Kinyozi alifikiri. "Mtu wa serikali," akasema.

Tulikuwa tungali tumeinama pale Mtu wa Sinema alipotoka. Hakukasirika. Alichukua gunia lake akalifunika juu ya mashine ya sinema, na tundu kubwa likaangukia kwenye kioo, na dogo likaangukia kwenye mkono wa kuzungushia. "La mvua," akasema kwa upole. "Kuku wenu ni wa rangi gani?" Tukasema mweupe. Tukaondoka. Njiani kinyozi akaniambia gunia linaloweza kufunika mashine linaweza pia kufunika kichwa, nami nikaona ana akili sana.

Haki ya Mungu nimpe pia na mengine. Mtu huyu mwenye sauti ya kujaza soko zima, nyumbani alinong'ona kama mgonjwa. Aliishi kazini gizani, lakini chumbani kwake taa ilikuwa ikiwaka mpaka alfajiri. Alisema akilala bila taa anaota shuka tupu. Aliogopa mbwa, hata mbwa wa watoto. Alikuwa na misemo ambayo mimi ninaitumia mpaka leo na kujifanya ni yangu. "Anayekaa mbele haoni zaidi, anaumia shingo tu." Au, "Gizani kila mtu ni mgeni wa mwenzake." Tuliokuwa tunamshuku tukasema huo wa pili ni tishio.

Na si sisi peke yetu tuliomshuku. Homugadi, wale askari wa nyumbani waliolinda vijiji kwa bunduki na mikuki, nao walimshuku kutoka upande wa pili. Koplo wao alimsimamisha mbele ya watu akamuuliza, "Hiyo miguu inawaambia nini watu wa msituni?" Wakafungua masanduku yake, wakafunua mkanda wote wakauangalia juani, picha ndogondogo elfu mia za mtu mmoja anayecheza. Hawakuona barua. Mtu wa Sinema aliukunja mkanda wake upya, jioni nzima, akipangusa vumbi kwa pamba. Sisi tukasema: tazama wanavyoigiza, ili tudhani si mwenzao.

Katika Majengo nzima alikuwako mtu mmoja tu asiyeogopa miguu, naye alikuwa Kasimu.

Kasimu alikuwa fundi viatu, kijana wa kama miaka ishirini na mitano, mtoto wa pekee wa mama aliyeuza mahamri karibu na msikiti. Baba yake, Mmeru wa upande wa Tigania, alikuwa amekufa zamani. Usiku wa kwanza wa picha ile, sisi tulipokuwa tunasikiliza majina, Kasimu alikuwa anaangalia soli.

"Huyo hataji mtu," alituambia kesho yake, misumari midomoni. "Ni kisigino na kidole. Ana vipande viwili vya chuma, kimoja mbele kimoja nyuma. Anavipigisha zamu zamu. Nani aliyemtengenezea? Huyo fundi ndiye mtu."

"Wewe jifanye hujui," kinyozi akamjibu. "Siku ukisikia jina lako utajua."

"Nikilisikia nitaitika."

Alikata vyuma kutoka kwenye kopo la mafuta, akavipigilia kwenye buti kuukuu, na akaanza kucheza juu ya kifuniko cha sanduku la chai. Mwanzoni ilikuwa kama mtu anayekanyaga siafu. Baada ya muda, sisemi uongo, alikuwa anaweza kukufanyia mvua, farasi, na mwanamke anayetwanga, vyote kwa miguu, na mikono imetulia mfukoni. Alikuwa ndiye mtu pekee aliyekwenda kukaa na Mtu wa Sinema kwenye kizingiti chake. Aliwahi kumwomba asimamishe mashine ili aone mguu unavyokaa hewani. "Picha ikisimama inaungua," Mtu wa Sinema akamwambia. "Itabidi uje tena."

Akaenda tena. Na tena. Gari likienda soko jingine la karibu, kwa Kasimu hupati kiatu chako siku hiyo. Mama yake alichoka. "Nimezaa mtu au nimezaa ngoma?" alimwambia mbele yangu. "Barabara hizi zina watu wabaya. Kaa hapa ushone viatu." Kasimu alimbusu kichwani, akamchezea mvua kidogo kwenye saruji. Mama akacheka bila kutaka, kisha akakasirika kwa sababu amecheka.

Mara ya mwisho niliyomwona akicheza ilikuwa sokoni hapa hapa Meru, mbele ya shuka lenyewe. Mtu mwembamba alipoanza, Kasimu aliweka kifuniko chake chini akamjibu. Yule anapiga, huyu anaitika. Kivuli cha Kasimu kilipanda juu ya shuka kikasimama kati ya wale wenye makoti meupe, utadhani wamemwita naye akafika. Watoto walipiga kelele. Nilimwangalia Mtu wa Sinema: kwa mara ya kwanza hakuwa anatutazama sisi, alikuwa anatazama shuka. Mwisho alitangaza kwenye kipaza sauti kwamba kesho kutwa sinema itakuwa Mikinduri.

Kesho kutwa hiyo, alasiri, habari ikatufikia kwamba Kasimu amechukuliwa. Na lori la wafungwa limeonekana likishuka kuelekea kusini. Nani kamchukua, wapi, kwa kosa gani, hakuna aliyejua. Lakini sisi tulijua, bwana! Ameitikia miguu. Miguu imemtaja mbele ya soko zima, na yeye, mpumbavu, akaitika kama alivyoahidi.

Mama Kasimu alilia mpaka sauti ikabaki upepo. "Miguu imemtaja mwanangu," alisema, "na mwenye miguu anakaa hapo karibu na kisima."

Asubuhi yake gari la sinema lilirudi kutoka Mikinduri mapema kuliko kawaida, linaendeshwa kama linakimbizwa. Mtu wa Sinema akashuka, hakupita chumbani kwake, akaenda moja kwa moja mpaka mlangoni kwa Mama Kasimu. Tulikuwa tumejaa pale. Alivua kofia. Mdomo wake ukafunguka, mama akapiga ukelele kwamba ni miguu, mdomo ukafungika. Ukafunguka tena. Fundi wa kuwapa kuku maneno alisimama pale hana hata moja. Mama akamwagia majivu ya jikoni, kichwani mpaka kifuani. Hakujipangusa. Akaondoka hivyo hivyo.

"Amekuja kutazama kazi yake," kinyozi akasema, nasi tukaitika amina.

Tangu siku hiyo alikatwa na watu. Kinyozi alikataa kumnyoa, ndevu zikamfika kifuani. Watoto walikatazwa kumwitikia. Mahamri hakuuziwa. Mimi nyama nilimuuzia, biashara ni biashara, ila nilimpa bila salamu. Naye, ajabu, hakujitetea kwa yeyote. Tena mkanda ule wa makoti meupe hakuuonyesha tena hata mara moja. Watu walipouliza, alisema umechakaa. Sisi tukasema umemaliza kazi. Baadaye mtu mmoja aliyetoka kizuizini alileta habari kwamba Kasimu alikufa huko kwa ugonjwa wa tumbo. Muda si mrefu Mtu wa Sinema alifunga masanduku yake, akahamia kwao Embu, na Majengo ikashusha pumzi.

Miaka ikaenda. Bendera ikabadilika, mimi nikapata cheti changu, nikanenepa. Mama Kasimu akazeeka, akafika mahali pa kubebwa ili akae juani. Ndipo siku moja akaniita.

"Mwanangu," akasema, "nimemlaani mtu yule kila Ijumaa tangu Kasimu aondoke. Sikuruka hata moja. Sasa nakaribia kwenda, na naogopa. Ikiwa nimemlaani asiye mwenyewe, nitasema nini mbele ya Mungu? Nenda ukamuulize. Sitaki ugomvi, nataka jina la aliyemtaja mwanangu. Kama ni yeye, aseme ni yeye, nife nimetulia."

Nikapanda basi kwenda Embu, na njia nzima nilikuwa nikinoa maswali yangu. Nilimkuta nje kidogo ya mji, kwenye shamba la kahawa lisilozidi ukubwa wa kitanda cha tajiri. Bega limeshuka zaidi. Masikio yalikuwa yameharibika kwa miaka ya jenereta, ikabidi nipige kelele. Mkewe, mama wa Kiembu mwenye mikono mikubwa, alikuwa amekaa kando yetu akipura maharagwe.

"Mtu wa bucha!" akasema Mtu wa Sinema. "Yule kuku mweupe mlimpata?"

Nilicheka, nikashindwa kujizuia. Lakini sikulegea. Nilianza mbali, kama wapelelezi wanavyofanya. Nikamuuliza kwa nini alizima kipaza sauti kwenye picha ya makoti meupe.

"Ningefasiri nini? Walikuwa wanapiga muziki."

"Na miguu?"

"Miguu ilikuwa inacheza." Alinitazama kwa huruma. "Nilikiweka chini nisikie na mimi. Siku nzima nilikuwa nasema mimi tu."

Hapo nikamwambia aliyenituma na alilolitaka. Nilisema lote, la Ijumaa, la laana, la hofu yake ya kwenda mbele ya Mungu. Alinisikiliza mpaka mwisho akiangalia mikono yake.

"Bado ananilaani?"

"Kila Ijumaa."

"Basi mwambie hakukosea," akasema. "Mwambie ni mimi. Atulie."

Miaka yote ile, na sasa amesema kwa mdomo wake! Nilikuwa tayari nimeshanyanyuka nusu ya kiti, nimeshaona nitakavyomwambia kinyozi, mkewe alipoacha maharagwe.

"Wewe mzee, umeanza tena," akasema.

"Nyamaza, mama."

"Sinyamazi. Leo mgeni ametoka Meru mpaka hapa, atarudi na uongo?" Akanigeukia. "Hakuna mtu alitaja huyo kijana. Alishikwa kwa barabara ya Mikinduri. Hakuwa na pasi, ile karatasi ya ruhusa ya kutembea."

Nikacheka. "Pasi? Mama, sisi watu wa Majengo hatukuwa tunaulizwa pasi. Tulipita kila mahali, kanzu na kofia, askari anatusalimia."

"Nyinyi hamkuulizwa. Baba ya kijana alikuwa mtu wa wapi?"

"Mmeru. Wa Tigania."

"Basi. Serikali ilimhesabu Mmeru. Kofia ya msikiti ingemsaidia nini? Mmeru, Muembu, Mkikuyu, bila pasi ni lori. Nyinyi mlisahau kwa sababu haikuwa shida yenu." Alimwonyesha mumewe kwa kidole. "Huyu alipita hapo na gari akamwona amechuchumaa na wengine, viatu vyake vya vyuma viko shingoni. Akasimamisha gari, akaongea na kijana, akaomba askari wamwachie. Wakamwambia aende kazi yake ama achuchumae pia. Asubuhi akarudi mbio Majengo."

"Nilimwona aliporudi," nikasema, na sasa nilikuwa nimekasirika, sijui kwa nini. "Alisimama mlangoni pa mama yule, mdomo unafunguka, unafungika. Kama ilikuwa pasi tu, mbona hakusema? Mzee! Mbona hukusema?"

Mtu wa Sinema alinong'ona, na kwa kuwa hakusikia vizuri nadhani hakujua amenong'ona chini kiasi gani. "Alikuwa analia kwamba ni miguu. Nikaona, wacha iwe miguu."

"Kwa nini iwe miguu?"

Aliyenijibu ni mkewe, naye alikuwa amerudi kwenye maharagwe yake.

"Kwa sababu kijana alikuwa na pasi. Alimwambia huyu, pale barabarani. Ilikuwa kwa nyumba. Mama yake alikuwa ameificha, asifuate sinema."